Hatua Moja Nyuma

Mke ndiye aliyeona kwanza. Kazi yake ya siku zote ilikuwa kushona sare za shule, lakini tangu mumewe aache kufundisha farasi na kuanza kutengeneza filamu, yeye ndiye aliyekuwa akizikata picha na kuziunga. Alijifundisha mwenyewe, kwenye kompyuta iliyowekwa mezani ubavuni mwa cherehani, na hakuona maajabu makubwa ndani yake. Kilikuwa kitambaa kingi, mkasi, na kujua mshono upite wapi usionekane. Jumanne hiyo asubuhi, watoto wakiwa shule, alivipanga vipande vyote kwa tarehe, kuanzia mwezi wa kwanza hadi wa nane, akavitazama kimoja baada ya kingine bila sauti. Alipofika mwisho akarudi mwanzo, akavitazama tena. Kisha akamwita mumewe.

Mume alikuwa uani, akisafisha lenzi ambayo alishaisafisha mara mbili. Filamu ilitakiwa kituo cha televisheni Jumatatu, na wiki hiyo yote hakuweza kutulia. Alikula amesimama, alikunywa chai akitembea, na mkewe alishamwambia kwamba sakafu nayo ina haki ya kupumzika.

"Baba watoto, hebu njoo ukae hapa," mke alisema.

"Nitasimama tu."

Akamwonyesha mwezi wa kwanza. Uwanda wa chumvi, mweupe mpaka unaumiza macho, na mbali kabisa vitu vyeusi vidogo ambavyo mtu angeweza kudhani ni uchafu kwenye kioo. Mwezi wa tatu farasi waliweza kuhesabika, kumi na wanne. Mwezi wa tano masikio yao yalionekana. Mwezi wa nane yule jike wa kahawia mwenye doa jeupe usoni alipumua, na pumzi yake ikaweka ukungu kwenye lenzi.

Mke aliuliza kama lenzi ilibadilishwa. Mume alisema lenzi ni ile ile moja. Akaulizwa kama alikuwa akiwasogelea. Akasema hapana, alikuwa akikaa mahali pale pale kila asubuhi, na kiti kile kile cha kukunja, na hilo ndilo lililompa picha nzuri: uvumilivu.

"Na hii ni nini?" mke aliuliza.

Akaiendesha picha taratibu. Yule jike aliinua kichwa, akamwona mtu, akabaki amesimama asikimbie. Hapo hapo picha ikatikisika kidogo na kurudi nyuma, kama aliyeshika kamera ameinuka kitini akarudi hatua moja. Mke akafungua kipande kingine. Jike akasimama, picha ikarudi nyuma. Kingine. Kingine tena.

"Kila mara," alisema. "Nimehesabu mpaka arobaini na mbili nikachoka."

Mume alitazama. Kisha akavuta kigoda cha cherehani, akakaa.

Watu wengi hudhani farasi hufundishwa kwa mjeledi au kwa sukari. Mume alifundisha farasi miaka kumi na tisa na hakutegemea hata kimoja kati ya hivyo. Alitegemea nafasi. Unamsogelea mnyama mpaka pale anapoanza kuogopa, unasimama. Akivumilia na yeye akasimama, unarudi nyuma hatua moja. Hatua hiyo ndiyo ujira wake. Kesho anavumilia karibu zaidi, keshokutwa anakuja mwenyewe. Mume alikuwa ameifanya hatua ile mara nyingi mno, hata mguu wake ulikuwa hauombi tena ruhusa ya kichwa.

"Sikuwafundisha," alisema.

"Sijasema umewafundisha. Nimesema tazama."

Aliomba arudishiwe ya mwezi wa pili, halafu ya mwezi wa sita. Mke alizirudisha. Kwenye spika ndogo, kwa bahati mbaya, sauti ilikuwa imewashwa, na ikasikika ile aliyoirekodi mume mwenyewe ya kufungulia filamu: hawa ni farasi ambao hawajawahi kuzoea mkono wa mtu. Mke akaizima haraka, kama anayefunika sufuria.

"Nimewafundisha," mume alisema.

&nbsp;

Jumatano mchana akaja kaka wa mke. Alikuwa dereva wa lori la majani kwenye mabanda ya farasi, kule kule mume alikofanya kazi zamani, na hakuwahi kuacha kumtania shemeji yake kwa kuondoka. Aliingia bila kubisha, akaisogeza sare iliyokuwa juu ya kiti, akauliza yeye atatiwa lini kwenye sinema, maana sura anayo na meno bado yapo yote isipokuwa mawili ya pembeni yasiyoonekana.

Dada yake alimpa chakula. Alikula huku akisimulia, na alisimulia kwa furaha, kwa sababu hakujua kwamba habari yake ina uchungu. Wachimba chumvi wa kule uwandani walikuwa wamezungumza sokoni. Farasi wale wa porini siku hizi wanafika mpaka kwenye vibanda vyao, wanalamba magunia. Yule jike mwenye doa alimwacha mtu amshike shingo. Habari ikamfikia Tajiri, mwenye mabanda, naye akaamua Jumamosi apeleke watu wanane, uzio wa kubebeka na malori mawili.

"Unakumbuka mwaka ule tulikwenda?" alimwuliza shemeji yake. "Siku tatu tunafukuzana na vumbi. Mmoja akavunjika mguu, farasi hatukupata hata mmoja. Safari hii Tajiri anasema ni kama kwenda kuokota kuni."

Dada mtu aliuliza kama hiyo ni halali. Kaka akasema farasi hawana chapa, hawana mwenyewe, na hakuna sheria inayokataza. Yeye atalipwa siku mbili kwa siku moja. Aliposema hivyo akawatazama wote wawili, akaona hakuna anayecheka.

"Kwani nimesema nini?"

"Hujasema kitu, shemeji," mume alijibu. "Kula."

&nbsp;

Alhamisi asubuhi alikwenda mabandani. Mlinzi wa geti alikuwa mgeni, akamsukumia daftari la wageni. Mume aliandika jina lake na saa ya kuingia. Kwenye sababu ya kuja alikaa na kalamu kwa muda, kisha akaandika: kuonana. Mlinzi akasoma, akasema hiyo siyo sababu, kila mgeni anakuja kuonana. Mume akaongeza: na mwenye mabanda. Nyuma ya mlinzi, ukutani, ilikuwepo picha ya farasi watano walioshinda mashindano miaka iliyopita, na mtu aliyeshika hatamu za yule wa katikati alikuwa yeye. Hakuitaja.

Tajiri alikuwa uwanjani akikagua kwato za farasi mgonjwa. Hakumkaribisha ofisini. Aliendelea kukagua, akamsikiliza akiwa ameinama, na mume akalazimika kuongea na mgongo wa shati. Alieleza yote, hata ile hatua ya nyuma. Hakujua afiche nini aache nini, kwa hiyo hakuficha kitu.

Tajiri akanyooka, akajifuta mikono.

"Nina watu hapa wananidai mshahara wa kazi wasiyoifanya," alisema. "Wewe umenifanyia kazi ya miezi minane hujaomba hata nauli."

Hakusema kwa kejeli. Alikuwa mtu wa kukiri jambo lilivyo. Akampa shauri pale pale: aje Jumamosi. Yule jike atamfuata mpaka ndani ya lori bila kamba, na wengine watamfuata jike, na hakuna atakayeumia, si mtu wala mnyama. Baada ya hapo arudi kazini kama mkuu wa wakufunzi, na ile nyumba ya nyuma ya mabanda ilikuwa wazi tangu mwezi uliopita.

Mume alimwomba awaache. Tajiri akatikisa kichwa polepole.

"Nikiwaacha mimi atakuja nani? Watakuja watu wa mikokoteni, watakuja watu wa nyama. Umeshawazoesha watu, na hukuwazoesha watu wema peke yao. Kwangu angalau kuna majani na daktari."

Mume alirudi nyumbani akijua kwamba Tajiri amesema kweli.

Alimkuta mkewe ameshika simu, ameziba sehemu ya kusemea kwa kiganja. Aliyepiga alikuwa msimamizi wa vipindi wa kile kituo cha televisheni, na mume akaichukua simu. Mama yule alikuwa mchangamfu, aliwapenda tangu mwanzo, na siku hiyo alikuwa na wazo. Picha za karibu zilikuwa zimewaliza watu ofisini. Kama ingepatikana moja ya mwisho, ya mkono wa mtu ukigusa uso wa farasi, basi angeweza kuipigania filamu ipewe saa nzuri, Jumapili baada ya taarifa ya habari. Mume akasema ataangalia. Akakata simu, akazunguka meza mara mbili.

Alimweleza mkewe maneno ya Tajiri, yote, pamoja na nyumba. Mke alisikiliza akichomoa pini kwenye kola, moja moja, akizishika kwa midomo. Alipozitoa akasema jambo ambalo mume hakulitarajia.

"Nyumba ile ina bomba ndani. Jikoni na bafuni. Niliwahi kuingia siku ya msiba wa yule mzee mshona hatamu aliyekuwa akiishi humo. Nikafungua bomba nikalifunga, nikafungua tena. Nisikudanganye, nimeitamani tangu ulipotaja."

"Najua."

"Nakwambia ili ujue nimeitamani. Sijasema twende." Akaichoma pini moja kwenye kimto cha pini. "Kilichofundishwa kinafutika?"

Mume alifikiri kama mtu anayeulizwa bei ya kitu asichotaka kukiuza. Akasema kinafutika, lakini si kwa upole. Upole ndio uliowaleta. Kinafutika kwa hofu, na hofu nayo haikubali kufundishwa mara moja, kwa sababu farasi akishtushwa mara moja hurudi kuhakikisha. Ni lazima akirudi akute hofu ile ile, na akirudi tena aikute imezidi.

"Basi kesho," mke alisema. "Mimi nitashika kamera. Mikono yako itakuwa na kazi nyingine."

&nbsp;

Pikapu waliazima kwa jirani yao fundi bomba, wakafika uwandani jua likiwa bado chini. Mwanamke mmoja mchimba chumvi alikuwa anafunika magunia kwa turubai na kulikandamiza kwa mawe. Alimjua mume, maana mume alikuwa amempiga picha za filamu siku tatu, yeye akieleza jinsi chumvi inavyokatwa na kwa nini watu wa pale waliishi na wale farasi miaka yote bila kugombana. Safari hii hakutabasamu. Alisema magunia manne yameharibika. Halafu akasema tena, kama anayesoma hesabu:

"Sisi tumekuwa hapa tangu mama zetu. Hatukuwafukuza, hatukuwaita. Ukaja wewe na kiti chako."

Mume alisema amekuja kurekebisha. Mwanamke akatazama vitu alivyoshusha: madebe mawili yenye kokoto ndani, kipande cha kamba nene, na ndoo ya mabonge ya chumvi. Akaelewa. Akaingia kibandani, akafunga mlango.

Farasi walikuja kama walivyokuja kila siku, jike mwenye doa mbele, mwanawe ubavuni. Walikuja bila haraka, wakinusa hewa. Mume aliwasubiri wafike pale walipozoea kufika, kisha akayapiga madebe na kuwakimbilia moja kwa moja, macho kwa macho, mikono juu, kama mnyama anayewinda. Kundi zima lilipasuka. Vumbi jeupe likapanda. Mke, akiwa amesimama nyuma ya pikapu, alisikia mlio wa kwato ukienda mbali, akadhani imekwisha.

Haikupita nusu saa wakarudi. Mume akawapokea kwa madebe na mabonge. Bonge moja lilimpata dume mmoja ubavuni, akalia. Wengi wa kundi waliondoka safari hiyo wakiwa na nia ya kuondoka, na wakasimama mbali, vichwa juu. Lakini yule jike aligeuka. Alimwacha mwanawe na wengine, akaja peke yake, akitembea, masikio mbele.

Mume alimwendea. Jike akasimama.

Akazidi kumwendea, akipiga madebe, na jike akatetemeka ngozi ya begani lakini hakuondoka. Mke alidhani ni ukaidi. Mume peke yake ndiye aliyejua anachokiona. Kwa miezi minane alikuwa amemfundisha kwamba ukiogopa, simama, vumilia, na mtu atarudi nyuma. Sasa aliogopa kuliko siku zote, kwa hiyo alisimama kuliko siku zote. Alikuwa anafanya alivyofundishwa, na alikuwa anamsubiri mwalimu wake afanye sehemu yake.

Mguu wa mume ulinyanyuka kurudi. Mke aliuona kwenye kioo cha kamera ukinyanyuka, ukabaki hewani, ukashuka mbele.

Alidondosha madebe, akazungusha kamba, akampiga begani. Jike akasimama. Akampiga tena, na safari hiyo jike aligeuza kichwa, na ncha ya kamba ikampata juu ya jicho la kushoto. Ndipo alipolia, akainuka kwa miguu ya nyuma, akageuka na kukimbia. Mume akamkimbiza. Hakuwa na haja ya kumkimbiza, lakini alimkimbiza akipiga kelele zisizo na maneno, mpaka pumzi zikamwishia na akapiga magoti kwenye chumvi, akikohoa.

Walingoja hadi saa saba mchana. Kundi lilionekana mara moja tu, mbali. Mume akapiga hatua moja kuelekea upande wao. Wote wakaondoka, jike mwenye doa wa kwanza.

Mke alizima kamera. Mashavu yake yalikuwa yamelowa, lakini picha, walipoitazama baadaye, haikutikisika hata mara moja.

&nbsp;

Jioni ile mume alimpigia Tajiri, akamwambia hatakuja. Tajiri aliuliza mara moja tu kama ana hakika, kisha akasema nyumba atampa mtu mwingine kabla ya mwisho wa mwezi. Halafu mume akampigia msimamizi wa vipindi, akamweleza yote, kuanzia kiti mpaka kamba. Mama yule alimsikiliza hadi mwisho.

"Kwa hiyo sentensi ya kwanza ya filamu ni uongo," alisema.

"Siku niliyoisema ilikuwa kweli."

Mama aliomba atumiwe picha za siku hiyo. Baada ya saa moja akapiga tena, na sauti yake haikuwa na uchangamfu. Alisema ile saa ya Jumapili isahaulike, na kipindi cha wanyama hakiwezi kuipokea. Kuna kipindi kingine cha watu na kazi zao, kina pesa kidogo, angejaribu kuipeleka huko, lakini hana ahadi. Kisha akauliza kama farasi yule ni mzima. Mume akasema hajui.

Mke alikaa kwenye kompyuta. Alivipanga vipande kwa tarehe, vile vile alivyovipanga Jumanne, wala hakuificha mishono.

&nbsp;

Jumamosi ilikuwa ndefu. Watoto walipelekwa kwa bibi yao. Mume alitembea kutoka mlangoni hadi jikoni, kutoka jikoni hadi mlangoni. Alikikaza kitasa kisicholegea. Mara tatu alisimama akisikiliza gari, na mara zote tatu lilikuwa gari la mtu mwingine. Mwishowe mkewe akampa ncha ya kitambaa cha bluu, akamwambia akishike kisiburuze, naye akakishika, amesimama kama msumari, huku cherehani ikikivuta taratibu kutoka mikononi mwake.

Saa kumi na moja shemeji akaingia. Hakutania. Nywele zake na nyusi zilikuwa nyeupe kwa chumvi, na suruali ilikuwa imechanika gotini. Akakaa, akaomba maji, akanywa vikombe viwili mfululizo. Dada yake aliuliza vipi. Akasema Tajiri amewalipa nusu siku, tena kwa kununa. Uzio hata haukushushwa kutoka kwenye lori. Walikuwa wakiona vumbi hapa, wakifika hapa vumbi liko kule. Mkufunzi mpya alidai kwamba hao siyo farasi waliosimuliwa sokoni, labda ni kundi lingine.

"Kuna mtu amewaharibu," alisema, akamtazama shemeji yake kwa muda.

Mume hakukwepa macho yake. Kitambaa kilikuwa bado mkononi.

"Yule jike mwenye doa," aliuliza. "Jicho lake la kushoto. Lilikuwa wazi?"

Shemeji alitua kikombe. Ilimchukua muda kuelewa alichoulizwa, na alipoelewa, hasira yake yote ilimtoka usoni.

"Shemeji, ningelionaje? Siku nzima hatukuufikia hata mkia."

Mume akaitikia kwa kichwa, akaendelea kusubiri jibu.